RX 11 ya iZotope kwa sauti za zamani za filamu na televisheni: ununue ipi, uitumieje

Kwa anayetaka jibu kabla ya maelezo: kwa bei yake, RX 11 haina mpinzani wa kweli katika kusafisha sauti za filamu na televisheni zilizokaa maktabani miaka mingi. Toleo la Standard linatosha kazi nyingi. Advanced ni la mwenye kanda ambazo kasi yake inayumba. Programu ilipotoka mwaka 2024, bei ilikuwa dola 99 kwa Elements, 399 kwa Standard na 1,199 kwa Advanced. Punguzo huja mara kwa mara, hivyo asiye na haraka asilipe bei kamili. Elements tuiweke kando, kwa sababu haina Spectral Repair (zana ya kufuta kelele sehemu ile tu uliyoichagua), na mtu wa filamu asiye na Spectral Repair atakwama kwenye kiungo cha kwanza cha riili.

Nusu ya lawama zinazotupiwa programu za aina hii, hata hivyo, zinastahili kupelekwa kwenye mtambo uliosomea kanda. Kabla hujafungua RX, jiulize mambo yafuatayo.

Kanda inanata? Kanda nyingi za miaka ya 1970 na 1980, Ampex 456 ikiwa maarufu zaidi kwa ugonjwa huu, zina gundi inayonyonya unyevu hewani na kuoza. Kanda hupiga kelele ikipita kwenye kichwa cha kusomea na kuacha uchafu wa kahawia. Kelele hiyo ikishaingia kwenye faili haitoki. Kanda ya namna hii huokwa kwenye tanuri inayoshika joto sawasawa, nyuzi 54 hivi za Selsiasi kwa saa 8 au zaidi, ikaachwa ipoe, kisha ikasomwa mapema kabla unyevu haujarudi. Kanda ya asetati usiioke kamwe, utaiua. Namna ya kuzitofautisha ni rahisi: shika riili mbele ya taa utazame ubavu wake. Asetati hupitisha mwanga, poliesta huwa giza. Kama asetati inanuka siki, imeanza kuoza kwa njia yake yenyewe. Hiyo isomwe kwanza kabla ya nyingine zote, na itengwe, maana mvuke wake huambukiza jirani. Filamu ya sumaku ya milimita 16 huoza haraka kuliko filamu ya kawaida kwa kuwa oksidi ya chuma iliyopakwa juu yake huchochea uozo huo.

Kichwa cha kusomea kimesimama wima sawa na kile kilichorekodi? Hapa ndipo maktaba nyingi hupoteza sauti bila kujua. Kichwa kikiinama kidogo tu, masafa ya juu huzimika, na “s” zote husikika kama zimefunikwa blanketi. Weka usikilizaji kwenye mono, zungusha skrubu ya kichwa taratibu huku ukisikiliza, simama pale “s” na “sh” zinapong’aa zaidi. Fanya hivyo kwa kila kanda, kwa sababu kila kanda ilirekodiwa kwenye mashine yake. RX ina moduli iitwayo Azimuth, na jina lake huwadanganya wengi. Inachofanya ni kulinganisha muda wa chaneli ya kushoto na ya kulia. Masafa yaliyopotea ndani ya chaneli moja hairudishi.

Na kama ni kanda ya robo inchi iliyorekodiwa kwa Nagra, kinasa sauti cha kubebeka, kwenye eneo la kupigia filamu, mara nyingi ina alama ya kasi: mlio wa hezi 50, au 60 kwa vifaa vya Marekani, uliorekodiwa katikati ya kanda katika mistari miwili yenye awamu zinazopingana. Ukiisoma kwa kichwa cha kawaida cha mono kinachoshika upana wote wa kanda, mistari hiyo miwili hujifuta na alama haionekani. Sauti utaipata safi, lakini kwa dakika 10 midomo na maneno vitakuwa vimeachana. Tafuta kichwa chenye uwezo wa kusoma alama hiyo. Ukikosa, mhariri atalazimika kuvuta sauti kipande kwa kipande, na RX haina la kumsaidia.

Haya, sasa programu yenyewe.

Ukifungua faili, kabla ya kugusa moduli yoyote soma spektogramu, yaani picha inayoonyesha masafa ya sauti kadiri muda unavyokwenda. Hili ndilo jambo ambalo RX inalifanya vizuri kuliko programu yoyote ya bei hii, na peke yake linakaribia kustahili pesa. Kwa sauti ya filamu, anza chini, kati ya hezi 20 na 600. Mpangilio wa kawaida wa spektogramu hautakuonyesha kitu huko: kwa faili la kilohezi 48, ukubwa wa FFT (idadi ya sampuli zinazochambuliwa kwa mkupuo) wa 2048 hugawa masafa kwa vipande vya hezi 23, na mistari iliyo jirani yote inakuwa doa moja. Ongeza hadi 16384, kila kipande kinakuwa na hezi 3 hivi. Mistari hutokea kama nyaya zilizovutwa.

Mistari hiyo ndiyo historia ya filamu. Umeme wa gridi ya kwetu ni wa hezi 50, kwa hiyo mvumo wake hukaa kwenye 50, 100, 150 na kuendelea. Lakini filamu ya milimita 35 ina matundu 4 kwa kila fremu, na ikipita kwa fremu 24 kwa sekunde mwanga wa kusomea sauti ukigusa matundu hutoa mlio wa hezi 96. Hezi 96 na 100 zinakaribiana mno kuzitenganisha kwa macho, na wengi huweka De-hum, moduli ya kuondoa mvumo, kwenye 50, wakafuta, kisha wakashangaa mvumo bado upo. Tazama juu zaidi: mlio wa matundu hujirudia kwenye 192, 288, 384 na 480, wa umeme kwenye 500. Kati ya 480 na 500 hakuna wa kukosea. Ukikuta mstari kwenye 480, weka masafa ya msingi ya De-hum kuwa 96. Na ujue kwamba tatizo halikuwa kwenye studio ya zamani, lilikuwa kwenye mashine iliyosoma filamu: mwale wa taa ulikaa pembeni ukagusa matundu. Kama filamu bado ipo, irudishe ikasomwe upya. Ni nafuu kuliko kuchuja.

Kuna kisa kingine ambacho mistari hii hukisema. Televisheni za Afrika Mashariki zilifuata mfumo wa PAL wa fremu 25 kwa sekunde. Filamu iliyopigwa kwa fremu 24 ilirushwa kwa 25, ikaenda kasi kwa asilimia 4 hivi, na sauti ikapanda kimo kwa kama saba ya kumi ya nusu-toni. Nakala nyingi za kanda za video za U-matic na Betacam zilitoka kwenye urushaji huo. Utajuaje? Ukiona mvumo umekaa kwenye hezi 52 badala ya 50, ulirekodiwa kwa fremu 24 kisha ukaharakishwa. Kwa filamu iliyotoka Marekani, 60 huwa 62 na nusu. Hapo kabla ya kusafisha chochote amua: kama picha itarudishwa kwenye fremu 24, punguza kasi na kimo kwa pamoja hadi asilimia 96. Kama picha inabaki kwenye 25, acha urefu ulivyo na ushushe kimo peke yake. Usichanganye hizi mbili. Mwimbaji wa taarab aliyepandishwa kimo namna hii hajitambui mwenyewe, na msikilizaji anayemjua atakwambia kuna kitu hakiko sawa hata kama hawezi kukitaja.

Baada ya kusoma, kusafisha. Mpangilio unaofanya kazi ni De-clip (sauti iliyopasuka kwa kuzidi kiwango), De-click (milipuko midogo), De-crackle (mchakacho), De-hum, na kelele ya jumla, kazi ya Spectral De-noise, mwisho. Sababu si mazoea tu. Mlipuko mdogo mmoja una nguvu katika masafa yote, na ukiachwa ndani wakati Spectral De-noise inajifunza kelele, programu itadhani mlipuko ni sehemu ya kelele ya kudumu na itakata kupita kiasi.

De-click ya RX ni kali. Algorithimu zake ziko kadhaa: ya bendi moja inafaa milipuko mifupi ya kidijitali, ya bendi nyingi kwa milipuko inayojirudia inafaa milipuko ya filamu ya optiki (ambayo sauti yake imechapwa kwenye filamu na husomwa kwa mwanga), na ya milipuko isiyo na mpangilio inafaa mikwaruzo ya sahani. Hiyo ya mwisho si ya kudharau hata kwa watu wa filamu. Filamu za majaribio ya elimu zilizotengenezwa Vugiri, Usambara, kati ya 1935 na 1937 zilikuwa na sauti yake kwenye sahani, pembeni ya picha.

Anza na unyeti mdogo, 2 au 3, kisha weka alama kwenye kisanduku cha Output clicks only na usikilize kinachotolewa. Hiki kisanduku ndicho kipimo cha kazi nzima. Unatakiwa usikie vitiktik tu, kama mchanga unaodondoka kwenye karatasi. Ukianza kusikia mdundo, umeshakata ngoma. Ukisikia mlio wa kama nyuki mwenye wimbo, umekata tarumbeta: wimbi la tarumbeta na saksafoni lina ncha kali zinazofanana na mlipuko, na programu haijui tofauti. Muziki wa dansi umejaa vyombo hivyo, kwa hiyo vipande vya tarumbeta vichague kwa mkono na uviruke. Udi na kanuni, ala za nyuzi za taarab, nazo huumia kwenye mwanzo wa kila nota, pale kidole au kijiti cha kupigia kinapogusa uzi. Kwenye mazungumzo, sikiliza “k”, “t” na “ch”.

Viungo vya filamu ni kazi nyingine. Pale mhariri alipokata na kuunga, njia ya sauti hutoa kishindo. Wazee wa kazi hii walikipaka wino mweusi juu yake ili mwanga ufifie taratibu, na wino ukibanduka kishindo hurudi. Hapa De-click haitoshi kwa sababu kishindo ni kirefu na kina uzito chini. Chagua eneo hilo tu kwenye spektogramu, kwa kawaida mamilisekunde 20 hadi 60, kuanzia chini hadi pale kinapoishia, na tumia Spectral Repair kwa hali ya Attenuate, ambayo hupunguza tu. Replace iweke akiba kwa pale ambapo hakuna sauti ya kuokoa chini yake, maana hiyo hufuta na kujaza kwa kukisia kutoka pembeni. Kwenye sekunde ya kimya hakuna atakayejua. Katikati ya neno, utasikia neno limemezwa.

Kwa kelele ya jumla, ile “shii” ya optiki au ya kanda, Spectral De-noise inahitaji kufundishwa: chagua angalau sekunde moja ambayo hakuna anayesema wala hakuna kinachosogea, bonyeza Learn. Ugumu ni kwamba kelele ya filamu hubadilika kila riili. Riili ya futi 400 ya milimita 16, sawa na ya futi 1,000 ya milimita 35, huchukua kama dakika 11 kwa fremu 24, na kila moja ilisafishwa dawa na kuchapishwa kivyake. Fundisha upya kila riili inapobadilika. Punguza desibeli 6 hadi 8, usiende 20. Ukizidisha utasikia matone ya mlio yanayotapakaa nyuma ya sauti kama kengele ndogo chini ya maji, na hayo yanaudhi kuliko kelele yenyewe. Mara mbili za desibeli 4 hutoa matokeo laini kuliko mara moja ya 8. Na usijaribu kufungua masafa ya juu kwa ikwalaiza baadaye: sauti ya optiki ya milimita 16 ina machache sana juu ya kilohezi 6, ukiinua huko unainua kelele.

Dialogue Isolate, kitenganishi cha mazungumzo, ndiyo moduli inayotangazwa zaidi, na kwa mahojiano yaliyopigwa barabarani au kando ya mashine ya kamera inayonguruma, ni ya ajabu kweli. Sauti ya mtu hutoka kama amehamishiwa chumba kingine. Shida ni kwamba kila kisicho maneno ya mtu, kwayo ni kelele. Adhana ya mbali, ngoma iliyo nyuma ya mzungumzaji, wanawake wanaopiga vigelegele, bahari: vyote huondoka au hubaki vipande vipande. Katika picha za maktaba hivyo ndivyo vinavyobeba mahali na wakati, na haviwezi kurekodiwa tena. Tena “m” na “n” za mwanzo katika maneno kama “mtu” na “nchi” ni dhaifu na zimekaa chini, na ukikaza kitenganishi huliwa mwanzo. Dawa ni kukitumia kwa kiasi na kuirudisha sauti halisi chini yake kwa desibeli 12 hadi 15 pungufu. Maneno yatasomeka, na mahali patabaki.

Spectral Recovery tuseme wazi: isitumike kwenye nyaraka. Inatengeneza masafa ya juu ambayo hayakuwahi kurekodiwa. Kwa simu iliyoingizwa kwenye habari za jioni, sawa. Kwa hotuba ya kihistoria, umemtungia mtu sauti.

Inabaki Wow & Flutter, ambayo ni sababu kubwa ya kununua Advanced. Hunyoosha sauti iliyoyumba polepole na ile inayotetema haraka. Kwenye muziki wenye nota ndefu, kama fidla au akodioni ya taarab, inashika vizuri kwa sababu ina kimo cha kufuata. Kwenye hotuba inababaika, na wakati mwingine hunyoosha kupanda na kushuka kwa sauti ya msemaji mwenyewe. Kabla ya kuamini matokeo, angalia mstari wa mvumo wa umeme uliorekodiwa ndani ya kanda: kama ulikuwa unajipinda na sasa umenyooka, marekebisho ni ya kweli. Kwa hiyo usifute mvumo kabla ya hatua hii. Huu ndio wakati pekee ambapo mpangilio niliotaja juu unavunjwa. Kwa muziki peke yake, programu ya Capstan ya Celemony bado inafanya kazi hii kwa ustadi zaidi.

Kasoro kubwa ya RX kwa watu wa filamu ni kwamba haionyeshi picha. Itachukua sauti kutoka kwenye faili la video, lakini midomo huioni. Lazima urudishe sauti kwenye programu ya uhariri kila mara ili uhakikishe kishindo ulichofuta hakikuwa mlango unaofungwa kwenye picha. Hili si jambo dogo, kwani mlango, kofi na kikombe mezani vyote vina sura ya mlipuko kwenye spektogramu. Linux haimo, ni Windows na Mac tu, na kitenganishi cha mazungumzo kwenye kompyuta ya zamani huchukua muda mrefu.

Kuhusu kuhifadhi: faili la kwanza lililotoka kwenye mtambo halisafishwi. Liwe WAV ya utangazaji, kilohezi 96 na biti 24, ambayo kwa mono ni kama gigabaiti 1 kwa saa. Lipigiwe hesabu ya MD5 au SHA-256, ya kuthibitisha baadaye kwamba faili halijabadilika, siku hiyohiyo, na litunzwe nakala mbili katika majengo mawili. Usafi wote ufanyike kwenye nakala. Wakati wa kuhifadhi kutoka RX, washa chaguo la kutunza data zisizo za sauti, la sivyo maelezo ya tarehe na chanzo yaliyoandikwa ndani ya faili hupotea kimyakimya. Ukihifadhi kazi katika mfumo wa RX wenyewe, historia ya hatua zote inabaki, na atakayekuja baadaye ataweza kurudi nyuma hatua kwa hatua. Nakala ya kurushwa hewani ndiyo inayopimwa LUFS −23 (LUFS ni kipimo cha ukubwa wa sauti unavyosikika) kwa vituo vinavyofuata kanuni ya watangazaji wa Ulaya, EBU R128. Ya maktaba haipandishwi wala haishushwi.

Asiyemudu dola 399 anaweza kuanza na Audacity, ambayo ni bure. Ina kipunguza kelele na kichuja masafa, na kwa kanda ya hotuba yenye mvumo na “shii” itamfikisha mbali kuliko anavyodhani, ingawa haina chochote cha kulinganishwa na Spectral Repair. Acoustica Premium ya Acon Digital iko katikati na ni chaguo la heshima. CEDAR ya Uingereza ndiyo inayotawala studio kubwa, na bei yake ni ya studio kubwa.

Maktaba yenye bajeti ya Advanced lakini isiyo na kanda za kuyumba ichukue Standard, na dola 800 zinazobaki ziende kwenye kanda ya kupimia mtambo, vichwa vipya vya kusomea, mipira ya kuvutia kanda, na hedifoni za kufunika masikio zisizopendelea besi. Riili ya kwanza itakayopita kwenye vichwa hivyo vipya itakuwa na “s” ambazo hakuna moduli ingeweza kuzirudisha.